Usiishie Kwenye Wingi wa Damu

Hotuba kwa wajawazito na wenzi wao, Moshi

Bwana Yesu asifiwe. Asalaam aleikum. Wazee wangu, shikamooni. Itifaki naomba ihesabiwe imezingatiwa, maana muda niliopewa ni mfupi na hawa mama waliokaa mbele migongo imeshaanza kuwauma.

Mimi ni mtu wa maabara. Wengi wenu sura yangu hamuijui, mnakijua kidirisha: unaingiza mkono, unafungwa mpira, unachomwa, unaambiwa subiri majibu. Kuzalisha sikusomea, na sikuja hapa kumfundisha mkunga kazi yake. Nimekuja kwa ajili ya mstari mmoja tu wa majibu yenu, mstari ambao ninyi hamuuangalii, na siku ya foleni ndefu hata anayewasomea anaupita mbio.

Mjamzito akipokea karatasi, swali lake la kwanza ni lilelile: "Damu yangu ngapi?" Akijibiwa 12, anamshukuru Mungu, anakunja karatasi, anapitia Mbuyuni kuchukua ndizi na kurudi zake nyumbani. Hiyo 12 ni wingi wa damu, yaani kiasi cha ile protini inayobeba hewa ndani ya chembe nyekundu. Ina maana yake, tena kubwa. Mjamzito akiwa chini ya 11 anahesabiwa amepungukiwa damu, na chini ya 7 tunaanza kukimbizana. Lakini kama umepimwa picha kamili ya damu, ile wanayoiandika FBP, shuka chini kidogo kwenye karatasi hiyohiyo utakuta herufi tatu: PLT. Hizo ndizo chembe sahani, na kule wodini utasikia wakiziita plateleti.

Unaweza ukawa na wingi wa damu 12 safi kabisa huku chembe sahani zako ziko 40. Jirani yako kwenye benchi akawa na damu 8, chembe sahani 300. Ni vitu viwili. Kwa hiyo rozela, bitiruti, matembele na vile vidonge vyekundu vya kliniki vinashughulikia kile cha kwanza. Cha pili haviwezi kukipandisha, isipokuwa kwa yule ambaye upungufu wa foliki asidi ndio uliomwangusha. Na mama wakwe mlioko hapa msininunie: kisusio, ile supu yetu ya damu ya mbuzi, ni kitamu, mzazi apewe, lakini PLT hakiipandishi.

Sasa hizi chembe kazi yake nini? Wenzangu wa Kibosho na Uru mnajua mfongo, ule mfereji wa maji ya shambani, ukipasuka. Hakuna anayekaa kungoja fundi wa saruji. Vijana wa msaragambo, ile kazi ya pamoja ya kijiji, wanakimbia, wanajazana penye tundu na migomba na majani, maji yanapungua kasi, ndipo wengine wanakuja kushindilia udongo. Chembe sahani ndio hao wa kwanza kufika. Mshipa ukichanika zinanata pale, zinaitana, zinaziba. Halafu protini za kugandisha damu, ambazo nyingi zinatengenezwa na ini, ndizo zinazoshindilia. Kila chembe sahani inatoka kwenye uboho wa mifupa, inaishi siku 7 hadi 10, kisha inaondolewa, kazi hiyo ikifanywa zaidi na wengu. Zikipungua, basi ama uboho hautoi za kutosha, ama kuna kinachoziharibu, ama zinatumika haraka kuliko zinavyoingia.

Kiwango cha kawaida ni 150 hadi 450. Mashine inaandika kwa kifupi. Hiyo 150 maana yake ni chembe 150,000 katika kijitone kidogo sana cha damu, sehemu moja ya lita iliyogawanywa mara milioni. Mjamzito maji ya damu yake yanaongezeka karibu nusu, kwa hiyo kila kitu kinazimuliwa, na kondo la nyuma nalo linatumia chembe zake. Kushuka kidogo ni kawaida. Mwaka 2018 ulitoka utafiti wa Oklahoma, Marekani, uliofuatilia wanawake zaidi ya 7,000: kati ya waliobeba mimba bila matatizo yoyote, karibu mmoja katika kila kumi alifika siku ya kujifungua akiwa chini ya 150. Lakini walioshuka chini ya 80 walikuwa kama mmoja katika elfu. Hapo ndipo pa kushika. Ukiwa 130 hauko peke yako. Ukiwa 70, mimba yenyewe peke yake ni nadra sana kuwa sababu, kwa hiyo itafutwe sababu nyingine.

Kabla ya kuogopa, hata hivyo, niwasemee jambo la dirishani kwetu. Damu ya kipimo hiki tunaiweka kwenye kichupa chenye kifuniko cha zambarau. Ndani kuna dawa ya kuzuia damu isigande. Kuna watu wachache ambao dawa hiyo inafanya chembe sahani zao zishikane makundi makundi. Mashine yetu inahesabu kwa ukubwa. Ikikutana na kundi haijui kwamba pale zipo ishirini, inalihesabu kitu kimoja, au inadhani ni chembe nyeupe. Basi inatoa namba ya kutisha. Nakumbuka mama mmoja wa miezi saba aliyeambiwa ana 38, akaanza kulia kwenye korido na mumewe keshapiga simu kwa ukoo mzima. Tukapaka tone la damu yake kwenye kioo, tukaitia rangi, tukaweka chini ya hadubini. Ukienda mwishoni mwa ule mpako, pale damu inapokuwa nyembamba, chembe zilikuwa zimejaa vishada kama zabibu. Tukamtoa damu upya kwenye kichupa cha kifuniko cha buluu, chenye dawa tofauti. Alikuwa na zaidi ya 200. Mgonjwa alikuwa kichupa.

Hata asiyekuwa na tabia hiyo anaweza kupata namba ya uongo, kama mshipa ulisumbua na damu ikatoka kwa kusuasua, au kichupa hakikupinduliwa taratibu mara kadhaa baada ya kujazwa, damu ikaganda kidogo chini. Ndiyo maana nasema: namba ya chini isiyotarajiwa, kwa mtu asiyetoka damu popote, irudiwe na iangaliwe kwenye hadubini kabla hajaanzishiwa dawa. Hilo mna haki ya kuliomba, kwa adabu tu: "Naomba mpako wangu uangaliwe."

Haya, imerudiwa na ni kweli imeshuka. Ni nini?

Kwa wengi, karibu watatu katika kila wanne wa walioshuka, ni ule mshuko wa ujauzito wenyewe. Unaanza miezi ya mwisho, mara nyingi namba haiendi chini ya 100, presha iko sawa, mwanamke hatoki damu, na kabla ya mimba alikuwa mzima. Hauna dawa kwa sababu hauhitaji dawa. Mtoto haguswi. Mwezi mmoja au miwili baada ya kujifungua namba inarudi yenyewe. Huyu anapimwa mara kwa mara na anaachwa aendelee na maisha yake.

Kundi la pili ni dogo. Hawa kinga ya mwili wao wenyewe inazishambulia chembe sahani. Mara nyingi dalili zilikuwepo hata kabla ya mimba: hedhi nzito tangu usichana, fizi zinazotoka damu ukipiga mswaki, mabaka ya kuvilia damu bila kugongwa popote, au vidoa vyekundu miguuni vinavyokataa kupotea hata ukivibonyeza. Namba yao huwa chini tangu miezi mitatu ya mwanzo. Kama iko juu ya 30 na hatoki damu, kwa kawaida anaangaliwa tu mpaka karibu na kujifungua. Ikishuka chini ya 30, au akianza kutoka damu, anapewa dawa, na ya kwanza mara nyingi ni prednisoloni. Inachukua siku kadhaa hadi wiki mbili kuonyesha kazi, inaweza kupandisha sukari na presha, na haiachwi ghafla eti kwa sababu umejisikia vizuri. Ipo pia dawa ya kingamwili ya kupitisha kwenye dripu, inayopandisha haraka zaidi, lakini bei yake ni ya kikao cha ukoo. Ndiyo sababu daktari anataka kujua mapema na siyo mama akiwa uchungu wa saa sita.

Hawa wa kundi la pili kuongezewa chembe sahani za mtu mwingine hakuwasaidii sana, kwa kuwa kinga ileile inazila na hizo. Zinatumika pale damu inapotoka kweli, au akiwa anaingia chumba cha upasuaji.

Lakini kundi ninalotaka kukaa nalo ni la tatu, kwa sababu ndilo linaloua. Vifo vya uzazi nchini vimeshuka sana. Utafiti wa kitaifa wa 2015–16 ulihesabu 556 kwa kila vizazi hai 100,000, na ule wa 2022 ukahesabu 104. Ni kazi kubwa iliyofanyika. Hata hivyo wanaoongoza kwa kuua bado ni walewale, kutoka damu na presha ya mimba, na chembe sahani zinakaa katikati ya wote wawili.

Presha ya mimba siyo presha tu. Inaharibu kuta za mishipa midogo mwili mzima, na chembe sahani zinaharakisha kuziba majeraha hayo mpaka zinaisha. Mama mwenye presha kuanzia 140 kwa 90 na PLT chini ya 100, huyo tayari ana presha kali ya mimba hata kama anatabasamu. Ikizidi hapo kuna hali inayoitwa HELLP, jina lililotolewa na daktari wa Marekani, Louis Weinstein, mwaka 1982: chembe nyekundu zinapasuka, ini linaumia, chembe sahani zinaanguka, vyote pamoja. Na zinapoanguka haziangukii kwa adabu. Zinaweza kupungua karibu nusu ndani ya saa 24. Jumatatu una 140, Jumanne una 75, Jumatano mkunga anaona damu inatoka palipochomwa sindano.

Dalili yake inadanganya. Maumivu yanakuja kwenye chembe cha moyo, pale juu ya tumbo chini ya kifua, au chini ya mbavu upande wa kulia. Mama anatapika, anajisikia mchovu, kichwa kinauma. Nyumbani wanasema ni gesi, ni vidonda vya tumbo, ni malaria. Ananunuliwa vidonge vya kiungulia dukani pale Kiboriloni, analazwa kitandani, shuka linavutwa. Ndugu zangu, mjamzito aliyepita miezi mitano akilalamikia chembe cha moyo, kipimo cha kwanza ni presha, cha pili ni mkojo kuangalia protini, cha tatu ni picha kamili ya damu. Kiungulia kitangoja. Na wapo wachache ambao presha yao haijapanda wakati damu imeshaanza kuharibika, kwa hiyo presha nzuri isiwafanye mrudi nyumbani kama maumivu bado yapo.

Baba mlioko hapa, lishikeni na hili: kama visa vitatu katika kila kumi vya HELLP vinajitokeza baada ya mtoto kuzaliwa, vingi ndani ya saa 48. Mke ameruhusiwa, mtori unachemka, majirani wanakuja na khanga na sukari, yeye anasema kichwa kinamuuma na macho yanaona vimulimuli. Mnamwambia ni uchovu wa uzazi. Siyo. Rudini.

Tiba ya hali hii ni kumtoa mtoto na kondo lake. Kuanzia wiki ya 34 hakuna cha kungoja. Kabla ya hapo daktari anaweza kununua muda mfupi kumpa mama sindano za kukomaza mapafu ya mtoto, kama mama mwenyewe anastahimili. Anapewa dawa za kushusha presha, na anapewa magineziamu salfeti kuzuia kifafa cha mimba. Utafiti mkubwa wa kimataifa uliochapishwa 2002 ulionyesha dawa hiyo inapunguza kifafa kwa zaidi ya nusu. Watu wanaiogopa kwa sababu inachoma na mwili unawaka moto. Ichome. Kwa mwenye chembe sahani chache sana, ni bora ipitie kwenye mshipa kuliko kuchomwa makalioni, kwani msuli unaweza kuvilia damu.

Sababu nyingine nazipita haraka. Malaria mara nyingi inashusha chembe sahani, na zinapanda ndani ya siku chache ikitibiwa. Moshi mjini imepungua, lakini kuna wanaoishi kwenye mpunga kule Mabogini na Chekereni, na kuna wanaorudi kutoka msibani Tanga. Homa kwa mjamzito ni kipimo kwanza. Dengi nayo inashusha. Virusi vya UKIMWI vinaweza kushusha, na dawa za kufubaza huwa zinazirudisha. Ugonjwa wa ini vilevile.

Na hapa niseme kuhusu majani ya mpapai, maana naona kuna dada ameinua mkono tangu mwanzo na najua anataka kuuliza nini. Yamesifiwa sana kwenye simu zenu wakati wa dengi. Kwa mjamzito hakuna aliyethibitisha kuwa ni salama, na utomvu wa papai bichi unashukiwa kuchochea mfuko wa uzazi. Usinywe. Kama umeshakunywa, mwambie daktari, hatakuchapa.

Kuna siku mashine imeharibika, au umeme hakuna, au uko kituo cha afya ambacho kinapima wingi wa damu peke yake. Na vituo vya namna hiyo huko milimani ni vingi. Mama anatoka damu, kondo limeachia kabla ya wakati, tumbo gumu kama ubao, au mtoto amefia tumboni siku nyingi. Hapo damu yenyewe inaweza kupoteza uwezo wa kuganda. Tunachofanya ni kipimo cha zamani, cha kichupa cha kioo kisicho na dawa yoyote. Unaweka damu mililita 2, unakifumbata kiganjani ili kikae na joto la mwili, unaangalia saa. Dakika nne zikipita unakiinamisha polepole. Unarudia kila dakika. Damu nzuri inaganda, unakipindua kichupa chini juu na bonge halidondoki. Dakika saba zikipita bado ni maji, au bonge linavunjika ovyo, huyo mama ana shida ya kuganda kwa damu na gari la wagonjwa lilitakiwa liwe limeshaondoka. Nimeshika vichupa hivyo mkononi mara nyingi. Dakika ya tano na ya sita ni ndefu kuliko ibada ya kipaimara.

Tuje kwenye kujifungua, maana maswali mengi niliyoletewa kwa karatasi ni ya huko.

Chembe sahani kuwa chache siyo sababu ya upasuaji. Narudia, kwa kuwa kuna watu wameshauza mbuzi kwa ajili ya upasuaji usiohitajika. Njia ya kawaida mara nyingi ndiyo salama zaidi, kidonda chake ni kidogo. Upasuaji ukilazimika kwa sababu nyingine, wanapenda PLT iwe 50 au zaidi. Kwa ganzi ya mgongoni wanataka kama 70, na wengine 80, kwa sababu damu ikivilia karibu na uti wa mgongo inaweza kupoozesha miguu. Chini ya hapo utalazwa nusu kaputi, ambayo nayo ina hatari zake. Ndiyo maana mtu wa usingizi anakuuliza majibu ya leo, siyo ya mwezi uliopita.

Dawa za maumivu: diklofenaki na ibuprofeni zinazifanya hata chembe sahani ulizonazo zisifanye kazi vizuri. Baada ya kujifungua sindano ya diklofenaki inatolewa kama mazoea. Mwenye namba ya chini amkumbushe nesi, parasetamoli inatosha kuanzia. Asprini ndogo ya kuzuia presha ya mimba ni habari nyingine. Aliyekuandikia hiyo ana sababu zake, usiiache kwa hotuba yangu, ila hakikisha anaijua namba yako.

Mahali pa kujifungulia kupangwe sasa. Mwenye PLT chini ya 100, au inayoshuka kila akipimwa, asipange kuzalia kwenye zahanati ya kijijini halafu tumkimbize usiku kwa bodaboda kutoka Old Moshi. Aende penye chumba cha upasuaji na benki ya damu. Hapa tuna hospitali ya Mawenzi na tuna ya KCMC, na waliokuandikia rufaa watakuelekeza ni ipi.

Damu yenyewe. Chembe nyekundu tunaziweka kwenye friji nyuzi 2 hadi 6, zinadumu kama siku 35. Chembe sahani haziwekwi friji. Zinakaa nyuzi 20 hadi 24, zinatikiswa usiku na mchana, na siku ya tano zinamwagwa. Haiwezekani kuzirundika za akiba kama magunia ya mahindi. Zinategemea mtu aliyechangia juzi. Kituo cha Damu Salama cha Kanda ya Kaskazini kiko hapahapa Moshi; mwanamume mwenye afya anaweza kuchangia kila miezi mitatu, mwanamke asiye mjamzito wala anayenyonyesha kila miezi minne. Damu haiuzwi. Akitokea mtu akakuambia chupa ni kiasi fulani, muombe risiti uone atakavyobadilika rangi. Ninyi akina baba mnaokuja wodini kumi na wawili kumwona mzazi, mkigawana mabega mwezi mmoja kabla mkachangia sita, mtakuwa mmeleta zawadi kuliko hayo maua ya plastiki.

Wakati wa kutoka damu baada ya kujifungua, mililita 500 ndiyo mpaka wa tahadhari, na kwa macho tu watu huwa wanakadiria chini ya ukweli. Mwaka 2023 yalitoka matokeo ya utafiti uliofanyika Kenya, Naijeria, Afrika Kusini na hapa kwetu: mkunga anatandika chini ya mama karatasi la plastiki lenye mfuko wa vipimo, anaona damu imefika wapi, na ikivuka anaanza tiba zote kwa mkupuo badala ya moja moja. Madhara makubwa yalipungua kwa asilimia 60. Kwa mwenye chembe sahani chache hilo ni la lazima, pamoja na ile dawa ya kuzuia donge la damu lisiyeyuke, gramu 1 kwenye mshipa, ndani ya saa tatu za mwanzo.

Kidogo kuhusu mtoto. Mama wa kundi la pili, wa kinga inayoshambulia, anaweza kumpitishia mtoto askari wabaya wa kinga hiyo kupitia kondo. Kama mmoja katika kila kumi wa watoto hao anazaliwa na PLT chini ya 50. Kwa hiyo mkunga aepuke kumvuta kwa vakyumu, kile kifaa kinachonyonya kichwa cha mtoto, achukue damu ya kitovu tukapime, na tupime tena, kwa sababu namba ya mtoto huwa inafika chini kabisa kati ya siku ya pili na ya tano, wakati mmeshaambiwa mwende nyumbani. Kumtahiri kusubiri mpaka majibu yatulie. Damu kuvuja kichwani kwa watoto hawa ni nadra sana, chini ya mmoja katika mia, na kumzaa kwa upasuaji hakujaonyesha kupunguza hilo.

Wenye kundi la damu hasi, mnajijua: sindano yenu, ile ya kuzuia kinga ya mama isije ikashambulia damu ya mtoto anayefuata, ni ndani ya saa 72 baada ya kujifungua mtoto mwenye damu chanya, na siyo kila duka la dawa linayo. Mume aanze kuitafuta mimba ikifika miezi minane.

Nimalizie na swali lililokuja kwa karatasi, halina jina: "Mimba ya kwanza nilishuka hadi 60, presha ilipanda, wakanipasua wiki ya 33. Sasa nataka mwingine. Nitapona?" Dada yangu, inaweza kujirudia, na wengi haijirudii. Unachoweza kufanya ni kuja mapema. Asprini ndogo ya kukinga presha inaanza kutolewa wiki ya 12, na inatakiwa iwe imeanza kabla ya wiki ya 20. Ukija kliniki mara ya kwanza tumbo liko miezi sita, dirisha hilo limeshafungwa. Vidonge vya kalsiamu navyo vinasaidia kwa wale ambao chakula chao hakina maziwa ya kutosha. Pima picha kamili ya damu kabla hujashika mimba, ili tujue namba yako ya kawaida ni ngapi. Na ile kadi ya mimba ya kwanza, kama haijachezewa na mtoto, njoo nayo. Omba PLT iandikwe kwenye kadi mpya kila unapopimwa, na tarehe pembeni, na presha ya siku hiyo. Daktari wa zamu usiku wa manane hakujui. Ataisoma safu hiyo na atajua unashuka au umetulia.

Yule dada wa mpapai bado mkono uko juu. Mpeni maikrofoni.